Kidari Kimoja, Akina Elirehema Wanne

Kuna watu wanne hapa Arusha ambao nikiwaona kwa mbali navuka barabara hata kama ninakokwenda ni upande huu huu, na wote wanne wanaitwa Elirehema Kaaya. Chekeni tu, nimeshazoea, maana kule kwetu juu ya Tengeru kisa hiki kinasimuliwa mpaka kwenye foleni ya bomba, na kila anayekisimulia anaongeza Elirehema mmoja (nasikia siku hizi wamefika saba), kwa hiyo afadhali mkisikie kwangu mimi mwenye aibu yangu.

Mjue kwanza kwamba nyumbani mimi ndiye mtu wa mitandao. Nina stationari Kaloleni, natoa fotokopi, napiga picha za pasipoti, nawajazia watu maombi ya kazi kwenye kompyuta, na chalii yeyote wa mtaani akipoteza namba yake ya siri anakuja kwangu, nami namrudishia huku nikitafuna karanga. Basi ukoo mzima wakaniweka kwenye kiti cha enzi. Simu ya shangazi ikigoma, muite Upendo. Binamu akitaka kujua kama mchumba wake ana mke Moshi, muite Upendo. Na mimi, badala ya kukaa na akili zangu, nikakubali kwamba hakuna kisichopatikana mtandaoni.

Sasa baba yangu, Mzee Anaeli Nanyaro, mkulima wa kahawa na ndizi na Mlutheri wa kukaa benchi la mbele, alikuwa na mtoto wa jicho macho yote mawili, ikafika mahali anamkaribisha mbuzi kiti akidhani ni mgeni. Tukampeleka hospitali, wakamfanyia upasuaji, Mungu akasaidia, akaona. Siku walipomfungua macho alimtazama mama kwa muda mrefu, kisha akasema, "Kumbe bado ni wewe," na mama akanuna mpaka jioni. Tulipofika nyumbani akatangaza kwamba atafanya ibada ya shukrani, watu waje, mbuzi achinjwe, na akataja mgeni mmoja tu ambaye ni lazima awepo.

"Macho nimepewa," alisema, "nataka nimwone Elirehema. Na kidari chake nimpe kwa mkono wangu."

Hapo lazima nieleze kidogo kwa ajili ya nyinyi mnaonunua nyama ya kupimiwa. Nyumbani kwetu mbuzi wa sherehe hagawanywi hovyo, kila kipande kina mwenyewe, na kidari ni cha msimamizi wa ndoa. Elirehema Kaaya ndiye aliyemsimamia baba siku ya harusi yake, wakiwa vijana, lakini akaondoka kabla nyama haijakatwa, na kidari chake akakila mjomba mmoja ambaye hata hakuwa ameulizwa. Baada ya hapo kila mmoja akashika njia yake, simu hazikuwepo, wakapoteana. Baba hajawahi kulisahau jambo hilo. Kila sherehe, hata ya kipaimara cha wajukuu, kikipita kidari anakiangalia na kusema, "Hicho kilikuwa cha Elirehema," mpaka sisi watoto tulizoea kumjibu, "Amina."

Basi jioni ile baba akaanza kunieleza, taratibu kama kawaida yake, "Siku ile ya harusi, kabla nyama haijakatwa, watu wakaja mbio wakimwita, kwa sababu Elirehema alikuwa..." nami nikamkatiza.

"Baba, jina lake la pili?"

"Kaaya. Lakini sikiliza, alikuwa..."

"Basi inatosha, baba. Niachie mimi."

Jamani. Hapo ndipo nilipojichimbia shimo, tena kwa jembe langu mwenyewe.

Mtu wa Umeruni akisikia nilichotafuta anacheka kabla sijafika mwisho, kwa sababu Kaaya kwetu ni ukoo mzima, wamejaa kuanzia Tengeru mpaka Kikatiti, na Elirehema ni jina la kila nyumba iliyowahi kumshukuru Mungu. Nilibonyeza kutafuta, wakashuka kama mvua ya masika. Na picha zao hazisaidii! Mmoja kaweka ua la waridi, mwingine trekta, mwingine mstari wa Zaburi, mwingine nembo ya timu ya mpira, mwingine kaweka mtoto mchanga ambaye nina uhakika hakuwa msimamizi wa ndoa ya mtu. Mwenye akili angerudi kwa baba amuulize alichokuwa anataka kusema. Mimi nikaandika ujumbe mmoja mtamu, nikakopi, nikapesti, nikawatumia wote:

"Shikamoo Mzee Elirehema. Mimi ni Upendo, binti wa Anaeli Nanyaro. Baba anakutafuta sana. Jumamosi ijayo tuna ibada ya shukrani nyumbani, juu ya Tengeru, na kidari chako kipo. Tafadhali usikose."

Kesho yake asubuhi nikiwa bado nafungua duka, jibu likaingia: "Marahaba mwanangu. Tumshukuru Mungu. Nitakuja." Nikapiga kelele mpaka mteja akaangusha karatasi zake. Nikampigia baba hapo hapo, "Nimempata!" na nikasikia mzee anapenga kamasi. Mama aliniambia baadaye kwamba siku hiyo alikwenda kunyolewa, akatoa koti lake la harusi likaanikwe juani, na akamwambia kila aliyepita njiani kwamba Elirehema anakuja.

Mchana likaingia jibu la pili. "Amina. Nitakuwepo." Elirehema mwingine. Jioni la tatu. Mimi, badala ya kushtuka, nikajifanya mpelelezi, nikawaandikia wote swali la mtego: unamkumbuka baba yangu? Wa kwanza akasema namkumbuka sana. Wa pili akasema namkumbuka sana, anaendeleaje? Wa tatu akasema mtu hawezi kumsahau Anaeli! Halafu akaibuka wa nne kusema anamkumbuka kabla hata sijamuuliza. (Nilisahau kwamba akina Anaeli Nanyaro nao si haba, kila mtu ana wake. Na nilisahau tabia yetu: ukiitwa na nyumba ya watu kwa heshima, huwezi kujibu kwamba humjui mtu, unakuja, utakumbuka mbele ya safari.)

Ningeweza kumwambia baba ukweli siku ile. Lakini koti lilikuwa limeshaanikwa. Nikajipa moyo kwamba kati ya wanne mmoja lazima ndiye, na wale wengine wakishaona kuna mwenyewe watakaa kimya, wale machalari yao ya ndizi na nyama, waende zao kwa amani. Hesabu zangu zilikuwa nzuri sana, ila hazikuwa na kichwa wala miguu.

Jumamosi ikafika. Turubai limefungwa, sufuria za machalari na za loshoro, mahindi yetu ya maziwa ya mgando, zinatoa moshi, kwaya imevaa sare, mwinjilisti ameshaomba, na baba amekaa meza kuu na koti lake la harusi, na miwani myeusi aliyopewa hospitali. Nikawa nimesimama getini kama polisi wa usalama barabarani. Akaja wa kwanza, mwalimu mstaafu mwenye fimbo na mkungu wa ndizi umebebwa nyuma yake. Nikafurahi, umri ni wenyewe, nikamweka meza kuu upande wa pili, mbali kidogo na baba, ili kidari kiwe ndiyo wakati wa kumtangaza (nilitaka iwe sapraizi, mnaona mambo yangu). Akaja wa pili, muuza nyanya wa soko la Tengeru, na gari lake la Noah limejaa kreti za soda. Akaja wa tatu, kijana kinyozi wa rika langu, ananukia manukato. Nikamuuliza kwa sauti ya chini, "Kaka, wewe kweli ulimsimamia baba yangu ndoa?" Akasema, "Dada, mimi nilijua ni mteja. Mzee ananidai kunyoa?"

Wa nne alikuwa mwanamke.

Mama mzima, kitenge cha nguvu, kofia ya kanisani yenye ua. Elirehema kwetu ni jina la wote, wa kiume na wa kike, jambo ambalo ninalijua tangu nazaliwa na ambalo halikunipitia kichwani hata kidogo. Nikamwambia, "Shikamoo mama, lakini mimi niliandika Mzee." Akanishika bega kwa upole.

"Nilijua umekosea kuandika, mwanangu. Ila nilipoona kidari nikasema haleluya, mwaka huu na sisi wanawake tumekumbukwa."

Nikamkaribisha. Ningefanyaje?

Wakati watu wanakula, mwalimu akawa anaichangamsha meza kuu kwa kusimulia harusi ya Anaeli: mvua iliyonyesha siku ile, bwana harusi alivyobebwa mgongoni kuvuka mto, bibi harusi alivyopoteza kiatu kwenye tope. Watu wanacheka mpaka wanashika mbavu. Mimi huku nyuma nikawa namshukuru Mungu, ndiye huyu, kumbukumbu zote hizi! Lakini nikamtupia mama jicho, nikaona hacheki. Mama ameacha kutafuna. Baba naye amegeuza sikio kuelekea ile sauti, uso umemkunjamana.

Na hapo shemeji yangu Josefati, mshereheshaji, ambaye akishika maikrofoni huwezi kumnyang'anya mpaka umeme ukatike, akanguruma: "Na sasa, wapendwa, wakati tuliokuwa tukiusubiri! Kidari hiki kimemsubiri mwenyewe tangu siku ya harusi! Namwita mbele yetu mgeni wa pekee kabisa, Elirehemaaaa Kaaya!"

Wakasimama wote wanne.

Kwaya ilishaanza vigelegele, vikakatikia njiani. Shemeji akatazama karatasi yake, akatazama watu, akarudia polepole kama mtu anayeita mahudhurio, "Elirehema... Kaaya?" na wote wanne wakajibu kwa pamoja, "Naam." Halafu wakaanza kutazamana wao kwa wao, na kwa sababu ni watu wenye adabu zao, hakuna aliyekubali kukaa wala aliyekubali kutangulia. Mwalimu akasema, "Tangulia wewe mama." Yule mama akasema, "Hapana, wewe mkubwa." Muuza nyanya akasema mpeni kijana. Kijana akasema yeye hata nyama ya mbuzi inamsumbua tumbo. Kidari kiko hapo kwenye sinia, kinang'aa mafuta, na kila mtu anamkaribisha mwenzake.

Baba akainuka. Akavua miwani myeusi, ambayo daktari alimkataza kabisa kuivua juani, akaenda kwa mmoja mmoja, akasimama karibu kabisa, akamtazama usoni. Kwa mwalimu alikaa muda mrefu zaidi. Kisha akasema, bila ukali wowote, "Karibu sana nyumbani kwangu. Lakini si wewe. Siku ya harusi yangu haikunyesha hata tone. Mlima uliwaka moto."

Mwalimu akashika kichwa. "Yesu wangu. Basi mimi nilikuwa kwenye harusi ya Anaeli Nanyaro mwingine!"

Kicheko kikalipuka uwanja mzima, lakini baba hakucheka. Aligeuka, akaanza kunitafuta mimi kwa yale macho yake mapya, nami nilikuwa nimejificha nyuma ya sufuria kubwa ya machalari na mwiko mkononi kama mtu mwenye kazi.

"Upendo, mwanangu. Elirehema yuko wapi?"

Nimewahi kuanguka na mkungu wa ndizi mbele ya kwaya, nimewahi kukohoa wakati wa kubarikiwa kipaimara, lakini aibu ya swali lile sijawahi kuiona. Si kwa sababu watu walikuwa wananitazama. Ni ile sauti yake, aliuliza kama mtu anayeamini kwamba nina jibu. Nikasema ukweli. Mama akanyanyuka.

"Uliwaandikia wote?"

"Wale waliopatikana tu, mama."

"Ujumbe mmoja?"

"Mmoja."

"Na kidari kimoja," mama akasema, akakaa chini.

Baba akarudi kwenye kiti chake, akaweka mikono magotini. "Si nilitaka kukueleza?" aliniambia. "Alikuwa mtu wa misitu. Moto uliposhika mlimani wakaja kuwachukua vijana wa misitu wote, ndiyo maana hakula. Akaenda na suti yangu niliyomwazima."

"Wa misitu?" akasema muuza nyanya, akiwa bado amesimama na soda mkononi. "Mzee, wa misitu si yule wa Olmotonyi? Mwenye kitalu cha miche? Mimi huyo ananitesa! Watu wananipigia simu usiku na mchana, Elirehema Kaaya tunataka migrevilea, Elirehema Kaaya miche ya mparachichi imekauka. Nimechoka kuwaelekeza!"

"Na mimi!" akasema yule mama. "Kumbe ni huyo? Walinigongea mlango na lori la samadi!"

Hata kinyozi akasema aliwahi kuulizwa dawa ya mchwa. Nikawa nimesimama pale na simu yangu ya kisasa mfukoni, nawasikiliza wakimpanga mtu yule vipande vipande: umri wake, nyumba yake, tabia yake ya kukata simu bila kuaga. Muuza nyanya akatoa namba, akapiga. Ikaita mpaka ikakatika. "Ni simu ya kitochi," alisema, "hukiacha ndani akiwa kitaluni."

Baba akavaa miwani. "Twende."

"Anaeli!" mama akasema. "Watu wamekaa!"

"Wamekaa, basi wale."

Ndivyo mwenye sherehe alivyoondoka kwenye sherehe yake. Mama akakifunga kidari kwenye jani la mgomba, juu yake kitenge, huku akinitazama kwa jicho ambalo sitalieleza hapa. Tukaingia kwenye Noah ya nyanya, baba mbele, mimi nyuma kabisa pamoja na kreti tupu, na akina Elirehema wote wanne wakakataa kubaki, mwalimu akisema jina limeshaitwa, lazima liende. Nyuma yetu nilimsikia shemeji Josefati kwenye maikrofoni akiwaambia wageni kwamba mwenye shughuli amepata udhuru kidogo, na kwaya iimbe, na iendelee kuimba.

Mpaka tunapita Ngaramtoni hakuna aliyenisemesha ila yule mama, aliyenipa pipi, akasema, "Nyonya, mwanangu, yatapita."

Kitalu kilikuwa pembeni ya barabara ya vumbi, miche imepangwa kwenye viriba vyeusi, na mzee mmoja mwembamba ametupa mgongo, anamwagilia kwa kopo lililotobolewa matundu. Baba alishuka kabla gari halijasimama vizuri. Akaita, kwa sauti ambayo sikujua anayo, "Elirehema!"

"Naam!" wakaitika wanne ndani ya Noah.

Yule mwenyewe hakugeuka, kumbe masikio yamechoka. Baba akakanyaga katikati ya miche (mingine aliikanyaga kabisa, tuliomba radhi baadaye), akamzunguka, akasimama mbele yake, akavua miwani. Mzee akashusha kopo. Walitazamana, na maji yakaendelea kutiririka kwenye viatu vya baba.

"Anaeli," akasema yule mzee. "Umenenepa."

Alimshika yule mzee usoni kwa mikono yote miwili, akawa anamkagua, paji, mashavu, ndevu nyeupe, machozi yanamtoka na daktari alikataza hayo pia. Mwishowe akasema, "Nakuona. Elirehema, nakuona vizuri kabisa." Na mimi kule nyuma kwenye kreti nikalia kama mtoto, nalia kwa furaha na kwa aibu kwa pamoja, hata sijui kipi kilizidi.

Kisha baba akafungua kitenge, akafungua jani, akamkabidhi kidari kwa mikono miwili kama inavyotakiwa. Mzee wa misitu akakipokea, akakigeuza, akakinusa, akang'ata kipande, akatafuna taratibu huku sisi sote tukimsubiri kama wanaosubiri baraka.

"Kimepoa," akasema.

Baba alicheka mpaka akakaa chini kwenye viriba.

Tulirudi giza limeingia, mzee wa misitu naye yumo, na tulikuta kwaya bado inaimba, sauti zimekauka. Mama hakuniuliza kitu, alinikabidhi sufuria zote za sherehe nikasugue, nikasugua mpaka Jumapili. Kutafuta watu mtandaoni bado natafuta, ndiyo kazi yangu na ndiyo ugali wangu. Lakini nimeapa, na nyinyi ni mashahidi, baba yangu akianza kunisimulia jambo, hata liwe limeanzia enzi za babu yake, nazima simu, navuta kigoda, namwacha mpaka amalize.